Pepo wa Nyumbani na Haki Iliyofichwa

Khutba ya Kwanza

Shukrani zote njema anastahiki Mwenyezi Mungu, Mola wa viumbe wanaoonekana na wasioonekana, ajuaye yaliyomo vifuani kabla ulimi haujayatamka. Tunamhimidi, tunamtaka msaada, na tunajikinga kwake na shari ya nafsi zetu na ubaya wa matendo yetu. Rehema na amani zimshukie Bwana wetu Muhammad (S.A.W.), jamaa zake na Sahaba zake, na kila mwenye kuufuata uongofu wao mpaka Siku ya Mwisho.

Ama baada ya hayo. Enyi waja wa Mwenyezi Mungu, nakuusieni, na naiusia nafsi yangu kwanza, kumcha Mwenyezi Mungu faraghani na hadharani, kwani kwake faragha na hadhara ni mamoja.

Ndugu Waislamu mliokusanyika hapa msikitini, nanyi mnaotusikiliza majumbani kwa njia ya redio. Leo nitazungumza juu ya jambo ambalo wengi wetu hulinong'ona jikoni na barazani, lakini ni wachache wanaolisema mchana kweupe. Nalo ni mambo ya pepo na majini kupanda watu katika nyumba zetu, na mambo yanayofichwa nyuma ya pepo hao.

Hakuna mji katika pwani yetu usioyajua haya. Watu wamezoea kusikia ngoma usiku wa manane, na kuona moshi wa ubani ukitoka penye kilinge, na mwanamke aliyefunikwa shuka akitikisika mabega huku mganga akimwuliza: Wewe nani? Watoka wapi? Wataka nini? Huyo aliyepandwa huitwa kiti, kwa maana mwingine amemkalia. Na pepo wenyewe wana makabila kama watu. Huko Unguja wako wa kibuki, ambao asili yao husemwa kuwa ni Bukini, yaani Madagascar, nao hutaka vileo vikali. Wako wa kihabeshia. Wako rohani, wanaosemwa kuwa ni Waarabu na Waislamu, nao hupenda marashi na vitu safi. Wala si kwetu peke yetu. Ndugu zetu wa Uhabeshi, Sudani na Misri wana mambo ya zari, nayo yamevuka bahari mpaka nchi za Ghuba, ikiwemo Omani.

Sasa, Uislamu wasemaje? Jueni ya kuwa Uislamu haukanushi kuwako kwa majini. Iko sura nzima katika Qurani Tukufu yenye jina lao, nayo inatueleza kwamba kundi katika wao liliisikiliza Qurani likaamini, na kwamba miongoni mwao wako wema na wako wasiokuwa wema. Lakini sura hiyo hiyo inatuonya kwamba wako wanadamu waliokuwa wakijikinga kwa majini, na kujikinga huko hakukuwazidishia ila taabu. Basi kuamini kuwa wako ni jambo moja, na kuwapelekea haja zetu ni jambo jingine.

Tena majini hawajui ghaibu. Kumbukeni kisa cha Nabii Sulaiman (A.S.) katika Sura ya Saba. Alifariki naye ameegemea fimbo yake, na majini aliowatumikisha wakaendelea kufanya kazi ngumu mbele ya maiti wakidhani yu hai anawatazama, hata mdudu wa ardhini alipoila ile fimbo na mwili ukaanguka, ndipo walipotambua. Ndugu zangu, fikirini jambo hili sana. Viumbe waliokuwa hatua chache mbele ya maiti hawakujua kuwa amekufa. Watajuaje mume wako yuko wapi, au mali yako kaiba nani, au jirani yako kakufanyia nini?

Lakini hapa huzuka swali, nalo ni swali la haki. Mtu mwenye akili atasema: Ikiwa majini hawajui ghaibu, mbona mara nyingine yule aliyepandwa husema jambo la siri, nalo likathibiti kuwa ni kweli? Ili nilijibu swali hili nitakupigieni mfano. Sisimulii habari ya nyumba fulani, wala asijitokeze mtu akasema Sheikh kamkusudia yeye. Ni mfano niliouunga mwenyewe kwa mambo yanayotokea, ili kila mmoja wetu apate kuitazama nyumba yake.

Chukueni kwamba palikuwa na nahodha wa jahazi, mkaazi wa kisiwani, aliyekuwa akivuka kwenda Pangani kila msimu. Kisiwani ana mke na binti mdogo, mama yake mzazi yu hai, na anaye ndugu yake mmoja wa kiume. Huko Pangani akaoa mke wa pili kwa ndoa ya halali, yenye walii na mashahidi wawili, ila aliificha kwa mkewe wa kwanza. Shahidi mmoja alikuwa baharia wake. Shahidi wa pili alikuwa huyo ndugu yake. Akazaa mtoto wa kiume, na siri ile waliijua watu wa nyumbani wawili tu, ndugu yake na mama yao.

Siku moja jahazi likazama pamoja na nahodha na mabaharia wake wote. Binti yake alikuwa na umri wa miaka minne. Eda ilipokwisha pakagawiwa mirathi, na mali ilikuwa shamba la minazi 144. Sikilizeni hesabu yake vizuri, maana roho ya kisa hiki imo ndani ya hesabu. Ndugu wa marehemu alisema kwamba marehemu hakuacha mtoto ila yule binti. Kwa maneno hayo mke alipata thumni, nayo ni minazi 18. Mama wa marehemu akapata sudusi, minazi 24. Binti akapata nusu, minazi 72. Na ndugu wa marehemu akachukua kilichobaki, minazi 30.

Na lau angeisema kweli? Thumni ingegawanywa baina ya wake wawili, minazi tisa tisa. Mama angepata 24 zake zile zile. Minazi 102 iliyobaki ingekuwa ya watoto, mwana wa kiume 68 na binti 34. Na ndugu wa marehemu asingepata hata mnazi mmoja, kwa kuwa mwana wa kiume humzuilia. Basi tazameni: mke alipata faida kwa uwongo ule, binti alipata faida naye hajui, na mjomba na shangazi hawamo. Na faida alipata pia ami, ambaye hakuwa na haki yoyote. Katika nyumba nzima ni bibi kizee peke yake ambaye hakuongezewa wala hakupunguziwa, na ndiye siri ile iliyemuunguza.

Mke wa Pangani alikuja kudai. Akabisha hodi, na aliyemfungulia mlango ni yule yule aliyekuwa shahidi wa ndoa yake. Akamwambia: "Bibi, sisi hapa hatukujui. Unao mashahidi?" Shahidi mmoja alikuwa amezama na jahazi, wa pili alikuwa amesimama mbele yake akimtazama usoni. Yule mwanamke akarudi kwao na mtoto wake. Mke wa kisiwani alikuwa ndani, akasikia sauti ya mwanamke mgeni ikilia ukumbini. Hakujua habari yake, lakini pia hakuuliza.

Ikapita miaka. Mwanamke wa Pangani akafariki, mtoto akalelewa na mjomba wake na akaitwa kwa jina la mjomba huyo, akijua tu kuwa baba yake alikuwa mtu wa bahari na bahari ilimchukua. Kule kisiwani bibi kizee akashikwa na homa ya mauti, na aliyemwuguza ni yule mjukuu wake, sasa msichana wa miaka 14. Katika kuweweseka kwake bibi akalitaja jina la mwanamke wa Pangani, na akamlilia mjukuu wake wa kiume. Alipopata fahamu na kuona kuwa msichana amesikia, alimshika mkono akamwapisha asiseme maisha yake yote. Akafa. Na mtoto yule akabaki na mzigo ambao watu wazima walishindwa kuuchukua.

Alipofika miaka 18, akaja kisiwani kijana seremala, mchongaji wa milango, mwenye dini na adabu, akaleta posa. Washenga wakamtaja mama yake aliyekufa na kwamba kwao ni Pangani. Ami alikuwa amekaa mkekani, akajua. Na msichana alikuwa nyuma ya pazia, akajua. Yule anayemposa ni ndugu yake, damu ya baba yake.

Ami alifanya nini? Je, alisema? La. Alipandisha mahari mara tatu, akitaraji kijana atashindwa. Kijana akafanya kazi usiku na mchana, akaleta yote. Wazee wakamsifu, mama akafurahi, siku ikawekwa. Na yeye kila alipofungua kinywa aliiona ile minazi 30, akakifunga.

Usiku ule ndipo yalipoanza mambo. Baada ya watu kulala, msichana aliinuka kitandani macho yake yakiwa wazi wala hayaoni. Akatembea taratibu mpaka kwenye mlango wa chumba cha marehemu baba yake, akasimama pale, akaanza kuhesabu watu wa nyumba kama nahodha ahesabuvyo watu wake kabla ya kung'oa nanga. Mmoja. Wawili. Watatu. Na sauti haikuwa yake. Ilikuwa nzito, ya mtu mzima, kama itokayo chini ya maji. Alipomaliza alisema: "Hesabu haijatimia. Mmoja hayupo." Kisha akaanza tena, na tena, mpaka alfajiri. Mama yake akapiga kelele. Ami akasimama uani akitetemeka, kwa maana ilikuwa ni sauti aijuayo.

Ukawa mwendo wa kila usiku. Ami akamleta mganga. Pakafukizwa ubani, pakawekwa sinia la halua, mayai na marashi, na mganga akauliza: Wataka nini? Sauti ikajibu: "Hesabu haijatimia." Mganga akasema pepo anataka mbuzi mweusi. Mbuzi akachinjwa, na usiku uliofuata hesabu ikaanza tena. Akaja mganga wa pili, huyu akasema jini ni mkaidi hana budi kupigwa, akampiga msichana kwa fimbo ya mkwaju hata mgongo wake ukatoka damu. Hesabu haikukatika. Akaja wa tatu akaangalia ramli, akasema nyumba imerogwa na kizee jirani, mjane asiye na mtoto. Tangu siku ile watoto wa mtaani wakawa wakimtupia mawe yule kizee aliyekuwa hana habari. Oneni, ndugu zangu, uwongo mmoja wa mirathi umekwisha zaa shirki, umezaa kipigo, umezaa kumsingizia mtu uchawi.

Zilipobakia siku nne kabla ya kufungishwa ndoa, mama akamwita mwalimu wa chuo. Mwalimu akasoma Qurani, akaomba dua. Kisha akawatoa watu wote chumbani isipokuwa mama, na akafanya jambo ambalo hakuna aliyelifanya kabla yake. Hakumwuliza jini. Alimwuliza mtoto: "Mwanangu, unaogopa nini?"

Msichana akanyamaza muda mrefu, halafu akasema kwa sauti yake mwenyewe: "Mwalimu, mimi nimeapa." Mwalimu akamwambia: "Kiapo cha kuficha haki ya mtu hakitimizwi. Kivunje, na kafara yake imo katika Sura ya Al-Maida: ulishe masikini kumi au uwavike, na usipoweza ufunge siku tatu." Hapo akasema yote, na mama yake akakumbuka sauti ya mwanamke aliyelia ukumbini.

Ami akaitwa. Neno lake la kwanza halikuwa toba, alisema: "Watu watasemaje?" Mwalimu akamjibu: "Malaika wamekwisha andika. Umebakia kuchagua tu kama utaisoma hesabu yako hapa au kule." Yule mtu akainama akalia. Kesho yake alikwenda mbele ya kadhi akatoa ushahidi aliouzuia miaka kumi na minne. Mirathi ikagawiwa upya. Kijana akapewa haki yake, na akaitwa kwa jina la baba yake. Naye alipotoka kwa kadhi hakwenda kwanza kuitazama minazi yake. Alikwenda kwa yule kizee jirani kumwomba radhi kwa niaba ya nyumba yao. Na kwa kuwa ndugu wa kiume hutangulia mbele ya ami katika uwalii, ilipokuja posa nyingine miaka miwili baadaye, aliyemwozesha yule msichana alikuwa ni kijana ambaye nusura awe mumewe.

Usiku ule baada ya ukweli kusemwa, msichana aliinuka mara moja tu, akahesabu, akasema: "Imetimia." Akalala, wala haikusikika tena.

Ndugu Waislamu, sasa narudi kwenye swali letu. Siri ile jini aliijuaje? Jawabu ni kwamba haikuwa na haja ya kujuliwa na jini. Siri ilikuwa imo kifuani mwa mtoto. Ulimi ulifungwa kwa kiapo, na moyo ukatafuta mlango mwingine wa kutokea. Kama pale palikuwa na jini pia, Mwenyezi Mungu ndiye Ajuaye zaidi; lakini hata akiwapo, hakusema ila lile ambalo wanadamu walilijua na kulizika. Mtaalamu mmoja kutoka Uingereza, I. M. Lewis, katika kitabu alichokitoa mwaka 1971 juu ya mambo ya kupandwa na pepo katika mataifa mbalimbali, ameeleza kwamba aghlabu wanaopandwa ni wale wasiokuwa na sauti katika jamaa zao, hasa wanawake, na kwamba pepo huwa njia ya kudai yale wasiyoweza kuyadai kwa vinywa vyao. Hatumfuati katika kila alisemalo. Lakini hili latupasa sisi waume na wazee kujiuliza: Je, katika nyumba zetu, mtu anaruhusiwa kusema kweli akiwa na akili zake timamu, au hatusikilizwi mpaka awe amepagawa?

Wala tusimtupie Shetani kila mzigo. Katika Sura ya Ibrahim tumeelezwa kwamba Siku ya Kiyama Shetani mwenyewe atawakana waliomfuata, atawaambia kwamba hakuwa na nguvu juu yao, isipokuwa aliwaita nao wakamwitikia, basi wasimlaumu yeye bali wazilaumu nafsi zao. Aliyekula minazi 30 hakuwa jini. Aliyemfukuza mjane mlangoni hakuwa jini. Qurani imesema wazi katika Sura ya An-Nisaa kwamba mwenye kula mali ya yatima kwa dhulma anakula moto tumboni mwake, na katika Sura ya Al-Baqara kwamba mwenye kuficha ushahidi moyo wake una dhambi.

Nayasema haya, na namwomba Mwenyezi Mungu anisamehe mimi nanyi na Waislamu wote. Mwombeni msamaha, hakika Yeye ni Mwingi wa kusamehe.

Khutba ya Pili

Sifa njema ni za Mwenyezi Mungu, na sala na salamu zimfikie Mtume wake mwaminifu.

Enyi waja wa Mwenyezi Mungu, mfano nilioutoa usikupelekeni kudhani kwamba kila anayeanguka au kupayuka ana siri ya nyumba, wala kwamba kila ugonjwa ni pepo. Kifafa ni maradhi ya ubongo. Huko Mahenge, katika nchi ya Tanzania, mwanzoni mwa miaka ya 1960 daktari mwanamke, Louise Jilek-Aall, alifungua kliniki ya wagonjwa wa kifafa, watu waliokuwa wakiogopwa na kutengwa na jamaa zao. Akawapa dawa ya fenobabitali, na wengi walipungukiwa na kuanguka. Dawa ile haikuwa na ngoma wala mbuzi. Nao Waislamu wa kale hawakuwa wajinga wa haya: Sultani Qalawun alijenga mjini Cairo hospitali kubwa mwaka 1284, na wagonjwa wa akili walikuwa na mahali pao ndani yake.

Na mfano bora ni wa Mtume wetu (S.A.W.). Alimjia mwanamke aliyekuwa akiangushwa na maradhi, akaomba aombewe dua. Mtume akamhiyarisha baina ya kusubiri apate Pepo na kuombewa apone. Akachagua kusubiri, ila akaomba asiwe akifunuka nguo anapoanguka, na Mtume akamwombea hilo. Zingatieni: hakumpiga, hakumtisha, hakumwuliza nani kamroga. Alimhifadhia heshima yake. Basi nani kati yetu amepewa ruhusa ya kumpiga binti wa watu kwa mkwaju akidai anampiga jini? Fimbo inaanguka juu ya mgongo wa mwanadamu, na mgongo huo una Mola wake atakayeuliza.

Tena ogopeni hofu ya kundi. Mwaka 1995 kisiwani Pemba, kisha Unguja mpaka Dar es Salaam, palienea hofu ya yule aliyeitwa Popobawa. Wanaume waliacha vitanda vyao wakalala nje kwa makundi, wakiwasha moto na kukesha. Na katika hofu ile, mjini Unguja, mtu mwenye maradhi ya akili alidhaniwa kuwa ndiye, akapigwa na watu mpaka akafa. Popobawa hakuonekana akakamatwa. Aliyekufa alikuwa mgonjwa aliyestahiki kuhurumiwa, na waliomwua walikuwa watu wenye majina na wazazi.

Basi nawausieni mambo haya, kila mwenye nyumba ayashike.

La kwanza: akishikwa mgonjwa wako, msomee Qurani, kwani ni tiba na rehema, msomee Ayatul-Kursi na sura za kujikinga ambazo Mtume alikuwa akizisoma kila usiku kabla ya kulala. Na wakati huo huo mpeleke hospitali. Aliyetuamrisha dua ndiye Mtume yule yule aliyetuamrisha kutafuta dawa.

La pili: usimwendee mpiga ramli. Mtume ametuonya kwamba mwenye kumwendea kahini akamwuliza jambo, sala yake haikubaliwi siku arubaini. Na usilipokee kabisa jina la jirani linalotoka kinywani mwa mganga. Jina hilo ni damu ya mtu.

La tatu: msikilize mgonjwa wako. Mwulize kwa upole anaogopa nini, amesikia nini, amefanyiwa nini. Pengine jambo analolibeba ni dhulma iliyotendwa ndani ya nyumba yako, na aliyeitenda ni mtu unayemheshimu. Usimnyamazishe kwa ajili ya aibu. Mwenyezi Mungu ametuamrisha tusimame na uadilifu ijapokuwa juu ya nafsi zetu, wazazi wetu au jamaa zetu.

La nne: tangazeni ndoa zenu na mziandikishe. Mwenye mke wa pili na amwambie wa kwanza. Mwenye mtoto popote alipo na amjulishe kwa ndugu zake, kwani tumeamrishwa kuwaita watoto kwa majina ya baba zao. Mama aliyenyonyesha mtoto wa mwenziwe na aseme, ili ndugu wa kunyonya wasije wakaoana. Na wosia uandikwe, Mtume (S.A.W.) amesema haimpasi Mwislamu mwenye kitu cha kuusia alale usiku mbili ila wosia wake uwe umeandikwa.

La tano, nalo ndilo kubwa: mwenye haki ya mtu mkononi mwake na airudishe kabla ya magharibi ya leo. Mjane aliyefukuzwa, yatima aliyepunjwa, ndugu aliyekanwa. Usingoje sauti ikuhesabie usiku mlangoni. Mzee uliyeketi hapa, ukiwa na neno ambalo mkeo, wanao na ndugu zako hawalijui nalo lina haki ya mtu ndani yake, jua kwamba hutalizika pamoja nawe. Utakaloacha kusema wewe, atakuja kulibeba mtoto asiye na kosa.

Ewe Mola wetu, zisafishe nyumba zetu kwa utajo wako na kwa ukweli. Waponye wagonjwa wetu wa mwili na wa akili, na utupe huruma juu yao. Wape wajane na yatima haki zao, na uwape waliodhulumu moyo wa kurejea kabla mlango wa toba haujafungwa. Utukinge na shari ya majini na ya watu, na shari ya nafsi zetu. Wasamehe wazazi wetu, uzisitiri aibu zetu ambazo hazina haki ya mtu, na utupe ujasiri wa kuzifunua zile zilizo na haki ya mtu. Na siku ya hisabu, ifanye hesabu yetu iwe imetimia. Amin.

Simamisheni sala, Mwenyezi Mungu akurehemuni.